Mchezaji Asiye na Jina: Uhusika katika Mchezo wa Video wa Kandanda ya Vyuo

Mwanafunzi wa fasihi amezoea kumsaka mhusika katika riwaya, tamthilia na ushairi. Makala hii inadhamiria kumwangazia mhusika wa aina nyingine: yule wa mchezo wa video wa NCAA Football, uliotolewa na kampuni ya Marekani ya Electronic Arts ili kuchezwa nyumbani kwa mashine kama vile PlayStation na Xbox.

Mchezo huo uliiga kandanda ya Kimarekani ya vyuo vikuu. Nembo, viwanja na sare vilikuwa vya vyuo halisi. Wachezaji, hata hivyo, hawakuwa na majina. Kila mmoja alitambulishwa kwa nafasi yake uwanjani na nambari ya jezi. Hii ni kwa sababu kanuni za NCAA, chama kinachosimamia michezo ya vyuo, hazikumruhusu mwanamichezo kulipwa kwa umaarufu wake. Lakini kimo, uzani, rangi ya ngozi na jimbo alikotoka vilioana na vya mwanafunzi halisi. Jina lilifutwa, sura ikabaki. Vyuo vikalipwa, mwenye sura asipate hata ndururu.

Mnamo mwaka wa 2009, Sam Keller, aliyewahi kuvichezea vyuo vikuu vya Arizona State na Nebraska, alikwenda mahakamani. Kampuni ilijitetea kwamba mchezo wake ni kazi ya sanaa, na kwa hivyo unalindwa na uhuru wa kujieleza. Mnamo Julai 2013 mahakama ya rufaa iliukataa utetezi huo: mchezo ulimwonyesha Keller akifanya lile lile lililompa umaarufu, katika mazingira yale yale. Kwa lugha ya kifasihi, palikuwa na unakili, hapakuwa na ubunifu. Toleo la mwaka huo likawa la mwisho la NCAA Football, na mwaka wa 2014 walalamishi wakaafikiwa fidia ya jumla ya dola milioni 60.

Mwaka wa 2021 NCAA iliwaruhusu wanamichezo kunufaika na majina yao. Mnamo Julai 2024 mchezo ulirejea kwa jina EA Sports College Football 25. Kila aliyeridhia kutumiwa jina na sura yake aliahidiwa dola 600 na nakala ya mchezo. Iwapo kiasi hicho kinatosha ni suala la mjadala. La msingi ni kuwa aliombwa ridhaa.

Mshairi wa Kiswahili aghalabu hulitaja jina lake katika beti za tamati, utungo usije ukawa yatima. Wahenga nao walinena kuwa jina jema hung'ara gizani. Naam, lakini sharti kwanza liandikwe.