Mke, Mume na Filamu ya Dakika 14

Maya Deren na Alexander Hammid waligeuza nyumba yao kuwa studio. Swali la nani alifanya nini bado linawagawa watu.

Hebu fikiria: ndoa bado changa, hela za kuungaunga, halafu mwenza wako anakwambia, "Tutengeneze filamu humu humu ndani." Ungekubali?

Maya na Alexander, waliooana mwaka 1942, walikubaliana. Mwaka 1943, huko Hollywood, Marekani, wakatoa Meshes of the Afternoon, filamu ya kwanza kabisa ya Maya. Bajeti? Kama dola 275 tu! Kamera ndogo ya milimita 16, nyumba yao wenyewe, na waigizaji ni wao wawili. Hakuna maongezi hata neno moja. Muziki wa Teiji Ito uliongezwa baadaye, mwaka 1959.

Ndoto ya mchana

Mwanamke anarudi nyumbani, anajiegesha kwenye kiti, usingizi unampitia. Ndotoni anamfuata mtu wa joho jeusi ambaye usoni ana kioo badala ya sura. Anatoa ufunguo mdomoni, ufunguo unageuka kisu. Mara anajiona yupo watatu, wamekaa meza moja! Mume anapomwamsha unashusha pumzi, kumbe bado. Anapomwinamia kitandani, mke anamrushia kisu, na uso wa mume unapasuka vipande kama kioo. Mwisho wake sikwambii.

Kazi ya nani?

Mwaka 1947 filamu ilipata tuzo huko Cannes, Ufaransa. Mwaka huohuo wawili hao wakaachana. Jina lililovuma zaidi ni la Maya. Lakini Alexander alikuwa mtengeneza filamu mzoefu tangu Chekoslovakia, ndiyo maana wapo wanaosema kazi kubwa ni yake. Wengine wanakataa: mbona ndoto za aina hiyo zinarudi kwenye At Land, filamu ya Maya ya mwaka 1944?

Ukweli ni kwamba kazi ya wapenzi wawili haipimwi kwa mizani. Ila kama wewe na mwenza wako mna studio, saluni au duka, msisubiri watu wa nje wawagawie sifa. Semeni wenyewe, mapema, nani kafanya nini.

Kisha jioni moja itazameni pamoja, halafu ulizaneni: yule mwanamke alikuwa akimfuata nani?