Mchekeshaji Aliyesema kwa Lafudhi ya Kwao

Leo tumjue Fridolf Rhudin, mchekeshaji wa Uswidi. Alizaliwa mwaka 1895 huko Munkfors, mkoa wa Värmland. Alianza kuchekesha watu jukwaani, halafu akaingia kwenye sinema.

Siku zile sinema zilikuwa bubu. Watu walionekana wakisema, lakini sauti hakuna! Maneno yaliandikwa kwenye picha. Asiyejua kusoma alikosa mengi, nasi twajua adha hiyo.

Mwaka 1929 Rhudin alicheza filamu iitwayo Konstgjorda Svensson. Sehemu zake nyingine zilikuwa na sauti. Hapo watu wakamsikia akisema kwa lafudhi ya Värmland. Je, walimdharau? La, walimpenda kwa lafudhi hiyo hiyo.

Alifariki mwaka 1935, akiwa na miaka 39 tu. Basi, tusome na kuandika, lakini lafudhi ya kwetu tusiionee haya.