Usingizi Usio na Hati

Mji wa Kisangani, ambao wazee wangali wakiukumbuka kwa jina la Stanleyville, ni mji uliojengwa na watu waliolazimika kutua. Kwa maana mto Kongo haupandiki kwa merikebu kupita hapo, maporomoko ya Boyoma yameuziba, na tangu zama za Hamed bin Muhammed el-Murjebi, huyo mwenye lakabu ya Tippu Tip aliyepewa uwali wa maporomoko hayo mwaka 1887 kwa jina la Leopold wa Pili, kila bidhaa na kila msafiri hushuka, hulala, kisha huondoka kwa njia nyingine. Kuhusu kuuza na kununua katika mji huu yameandikwa mengi. Kuhusu kulala sijaona mtu aliyeandika, ilhali usingizi nao umekuwa bidhaa, una soko lake na bei yake, na mfanyabiashara aubebaye katika mkoba hupata kuulizwa maswali mazito mipakani kuliko abebaye dhahabu.

Ashukaye Kinshasa kwa mto ana kilomita zipatazo 1,700 mbele yake, na safari yake aghalabu huhesabiwa kwa majuma, juu ya sitaha ambayo mbu, injini, mbuzi na watoto wachanga hawajapata kukubaliana saa ya kunyamaza. Apandaye ndege Bangboka kwenda kununua vitenge, simu na vipuri ng'ambo hupambana na adui mwingine, naye ni saa. Guangzhou iko mbele ya Kisangani kwa saa 6. Basi inapofika saa sita ya usiku huko China, mwili wa mtu aliyezoea kuishi nusu digrii tu kaskazini mwa ikweta, ambako jua huchwa karibu wakati ule ule mwaka mzima, bado unahesabu magharibi, na lepe la kwanza humjia alfajiri, saa chache tu kabla ya wauza jumla kufungua maduka. Mtu wa namna hiyo asipokuwa na dawa ya usingizi hupatana bei akiwa nusu mzima, na wauzaji wa kule wanalijua hilo.

Kwa hiyo hununua dawa kabla ya kuondoka. Nilisimama katika farmasi moja ndogo ya tarafa ya Makiso, mwendo mfupi kutoka Soko Kuu, akaingia mama mmoja mwenye mkoba wa safari begani, akasema, «Papa, nipatie dawa ya usingizi, ine tu,» na yule mwenye duka, pasipo kuuliza ni ya nani wala ni ya nini, akatoa ukanda wa vidonge katika kasha lake, akashika makasi na kukata vinne. Makasi yakapita katikati ya jina: kwa mama zikaenda herufi DIAZ, katika kasha zikarudi EPAM. Tarehe ya kuharibika na namba ya toleo, zilizogongwa ukingoni mwa ukanda, zikabaki dukani, na ile karatasi ya maelezo iliyokunjwa mara nane haikuguswa. Vidonge vikafungwa katika ukurasa wa daftari la mwanafunzi, ambao juu yake niliona hesabu za kugawanya zilizosahihishwa kwa wino mwekundu. Mama akalipa, akapanda toleka, baiskeli ya kukodi, iliyokuwa ikimngoja, akaenda zake.

Sikusudii kumlaumu muuzaji huyo, ambaye hesabu yake ni sahihi kabisa. Kasha zima huagizwa kwa dola, na mteja huja na faranga. Kama vile sukari inavyouzwa kwa kikombe na sigara kwa mojamoja, dawa nayo huuzwa kwa makasi. Zahanati na hospitali nyingi hupata dawa zao kutoka ghala la CAMEKIS, lililowekwa kwa ajili ya dawa za lazima, lakini farmasi za watu binafsi huchukua katika depo, nazo depo huleta mali kutoka Kinshasa kwa mto na kwa ndege, au kutoka Butembo na Goma, na sehemu kubwa ya mali hiyo imetengenezwa India. Sharia ya nchi haikunyamaza: dawa za aina hii zataka cheti cha tabibu, ambacho watu wa hapa hukiita odonansi, na tangu mwaka 2020 imekuwapo mamlaka maalumu ya kuzisimamia, iitwayo ACOREP. Ila ada ya kumwona tabibu hupita bei ya vidonge vinne, na mtu mwenye akili ya biashara hawezi kulipa zaidi kwa karatasi kuliko kwa kitu chenyewe. Hapo ndipo hasara yake inapoanzia, nayo humngojea ng'ambo.

Mkataba wa Vienna wa tarehe 21 Februari 1971, ambao ndio msingi wa sharia za dunia juu ya dawa zinazogeuza hali ya akili, haukumsahau msafiri. Kifungu chake cha nne kinaziruhusu dola kumwachia apite na kiasi kidogo kwa matumizi yake mwenyewe, kisha kinaongeza sharti ambalo wasomaji wengi hulipita upesi: kila dola ina haki ya kujiridhisha kwamba dawa hiyo ilipatikana kwa njia ya halali. Diazepamu imo katika orodha ya nne ya mkataba huo, ambayo ndiyo nyepesi kuliko zote. Zolpidemu, dawa nyingine ya usingizi, nayo imo. Na mwenye kuzichukua hana kosa maadamu aweza kuonyesha zilikotoka. Mama wa Makiso alinunua dukani mchana kweupe, wala hakuiba wala hakuficha; walakini ukimwomba ushahidi hana ila hesabu za kugawanya za mtoto asiyemjua.

Na asidhani mtu kwamba ukali huu wa mataifa ni ukiritimba tu wa wakubwa, maana ni dawa ya usingizi hasa iliyowafunza. Mwaka 1957 kampuni moja ya Ujerumani Magharibi ilianza kuuza thalidomidi, ikinunuliwa bila cheti, ikasifiwa kuwa dawa ya kulaza isiyo na madhara, hata wanawake wenye mimba wakaitumia. Mpaka ilipoondolewa sokoni mwishoni mwa mwaka 1961, watoto kwa maelfu walikuwa wamezaliwa na mikono na miguu iliyodumaa. Marekani iliepuka sehemu kubwa ya msiba huo kwa sababu bibi mmoja katika idara ya dawa, Daktari Frances Kelsey, alikataa kutia saini kwa hoja kwamba ushahidi haukutosha. Mwaka uliofuata sharia ya Marekani ikakazwa, na mwaka 1965 nchi za soko la pamoja la Ulaya zikatunga amri yao ya kwanza juu ya kusajili dawa. Mimi husema kwamba kila afisa wa forodha afunguaye mkoba wa msafiri leo anafanya kazi iliyoanzishwa na kidonge cha usingizi.

Ajabu ni kwamba mataifa yaliyofunzwa na msiba mmoja hayakutoka na fundisho moja. Tuchukue melatonini, ambayo ndugu zetu waliohamia Marekani hututumia ndani ya chupa kama peremende. Si dawa ya kubuniwa. Ni kitu ambacho mwili wenyewe hukitoa gizani kutoka tezi ndogo ndani ya ubongo, kikatambuliwa mwaka 1958 na Aaron Lerner wa Chuo Kikuu cha Yale kwa kutumia tezi za ng'ombe. Kwa sharia ya Marekani ya mwaka 1994 hicho ni kirutubisho, huuzwa rafu moja na vitamini. Uingereza hukitoa kwa cheti cha tabibu. Ufaransa hupima kwa mizani: chini ya miligramu 2 ni kirutubisho, kuanzia hapo ni dawa. Huko China ni zawadi: tangu miaka ya mwisho ya 1990 kirutubisho chenye melatonini kiitwacho Naobaijin kimetangazwa katika televisheni kuwa kitu cha kuwapelekea wazazi sikukuu, na mfanyabiashara wa Kisangani aweza kukinunua Guangzhou akidhani anapeleka tunu ya heshima kwa baba mkwe. Lakini ndani ya China hiyo hiyo diazepamu na zolpidemu zimewekwa katika daraja la dawa za kuchungwa. Basi aliyeacha vidonge vinne nyumbani akanunua chupa kule amekuwa mtiifu wa sharia pasipo kujua.

Karibu na nyumbani mambo ni magumu zaidi, hususan kwa wale washukao Lubumbashi na kuvuka Kasumbalesa. Zambia imeiweka difenhidramini katika orodha ya dawa zinazodhibitiwa. Hii ni dawa ya mafua na mzio, nayo husinziza, na huko Marekani huuzwa dukani bila swali. Raia wa Marekani walikamatwa Zambia wakiwa nayo mikobani, hata serikali yao ikawaonya wasafiri wake kwa maandishi. Ikiwa Mmarekani mwenye chupa yenye jina, namba na maelezo yote alitiwa mbaroni, sembuse mwenye kipande cha ukanda kilichokatwa.

Dubai, ambako msafara wetu mkubwa huelekea, haifichi lolote. Wizara ya Afya ya Emirati imeweka utaratibu wa kuomba idhini kwa intaneti kabla ya safari kwa mwenye kubeba dawa za kulevya au za kugeuza akili, naye hutakiwa kuambatisha cheti cha tabibu. Na sharia ya mwaka 2021 iliyofuta ile ya 1995, ingawa imelegezwa katika baadhi ya adhabu, haikuondoa wajibu huo. Mlango uko wazi, basi, ila ufunguo wake ni ile karatasi ambayo Makiso haiuzwi. Ubelgiji, wanakokaa wengi wa jamaa zetu, iko ndani ya mapatano ya Schengen, na kifungu cha 75 cha mkataba wa 1990 kimeweka cheti cha kubebea dawa hizi kwa siku 30. Lakini cheti hicho hupewa wakaao ndani ya eneo lenyewe, na mgeni atokaye mkoa wetu wa Tshopo hana ofisi ya kukiomba, hubaki na barua ya tabibu wake, kama anaye. Ufaransa imekwenda mbali zaidi: tangu Aprili 2017 zolpidemu huandikwa katika karatasi maalumu isiyoghushika kwa urahisi, kipimo kikiandikwa kwa maneno kamili, wala haiandikwi kwa zaidi ya siku 28. Kati ya farmasi ya Paris na farmasi ya Makiso kidonge ni kile kile, na tofauti yote imo katika karatasi.

Kuna na Uganda, njia ya wale wapitao Butembo na Kasindi hadi Mpondwe. Huko sharia ya dawa za kulevya ya mwaka 2015 ilibatilishwa na Mahakama ya Katiba mwezi Mei 2023, kwa shauri lililofunguliwa na watu wa mirungi, kwa sababu Bunge lilipoipitisha akidi haikutimia. Nayo ikatungwa upya baadaye. Sisi tulioingia Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2022 tulitaraji pengine kukuta kanuni moja ya mikoba, lakini mpango wa kulinganisha taratibu za dawa, uliozinduliwa Arusha mwaka 2012, ulihusu usajili wa viwanda na bidhaa zao. Msafiri na vidonge vyake vinne si muradi wake.

Faida ya kibiashara, nadhani, imelala hapa, na wenye farmasi wa mji huu hawajaiokota. Chuo Kikuu cha Kisangani kina kitivo cha utabibu. Tabibu wa kuandika yupo. Kinachokosekana ni mtu wa kuunganisha tabibu, kasha zima na risiti yenye muhuri kuwa bidhaa moja, na kumuuzia msafiri kwa bei ya juu kuliko ya makasi, akimweleza wazi kwamba analipia karatasi. Wapo watakaocheka, lakini wanawake waendao Dubai hulipia viza, chanjo, uzito wa mizigo na mambo mengine kadhaa yasiyolika wala kuvaliwa, nao huyahesabu katika bei ya kitenge. Isitoshe, ndani ya lile kasha mna ile karatasi ya maelezo, na maelezo si pambo: mwezi Januari 2013 idara ya dawa ya Marekani iliagiza kipimo cha zolpidemu kwa wanawake kipunguzwe kutoka miligramu 10 hadi 5, kwa kuwa ilionekana dawa hukawia katika miili yao hata asubuhi. Mama akatiwaye vidonge kwa makasi hupewa kipimo kile kile apewacho mumewe. Naye asiyetaka dawa ya duka hukumbuka lotoko, ile pombe kali ya mahindi na muhogo, ambayo juu ya mto imelaza abiria wengi kuliko kiwanda chochote, na ambayo sijasikia mtu akiiombea odonansi.

Nilirudi katika farmasi ile majuma matatu baadaye, nikamkuta mwenye duka, akaniambia, kama mtu asimuliaye kioja, kwamba kijana mmoja aliyekuwa akijitayarisha kwa safari ya Dubai alikuja na vipande vyake vya ukanda mkononi, akaomba apewe kasha tupu lolote la dawa hiyo, na karatasi yake ya maelezo. «Nilimpa bure,» akasema, «kasha tupu nitalifanyia nini?» Nikamwuliza kama namba ya toleo iliyo juu ya kasha ilifanana na ya vidonge. Akanyamaza kidogo, akatazama makasi yake juu ya meza, akasema vidonge vile havikuwa na namba yoyote.