Mapenzi na vichekesho katika filamu bubu

Filamu za mwanzo hazikuwa na sauti, na nyingi zilikuwa fupi mno. Hata hivyo hazikuchelewa kusimulia habari za mapenzi, wala kuyafanyia mzaha.

Mwaka 1899, Muingereza George Albert Smith alitengeneza filamu ya dakika moja hivi kuhusu mwanamume na mwanamke waliomo ndani ya behewa. Garimoshi linapoingia handakini, wawili hao wanabusiana. Smith alikusudia kipande hicho kiunganishwe na picha zilizopigwa kutoka mbele ya garimoshi, ili mtazamaji aone reli, kisha siri ya behewani, kisha mwanga tena.

Miaka 21 baadaye, Mmarekani Buster Keaton aliupanua mzaha huo katika filamu ya mikanda miwili iitwayo One Week, yaani Juma Moja, aliyoiongoza pamoja na Edward Cline.

Hadithi nyingi za mapenzi humalizikia harusini. Hii inaanzia hapo. Maharusi, Keaton na Sybil Seely, wanazawadiwa kiwanja pamoja na nyumba ya mbao iliyofungwa masandukuni, kila sanduku na nambari yake. Mwanamume aliyekataliwa na bibi harusi anazibadilisha nambari hizo kwa siri. Nyumba inasimama kombo, na dhoruba inapovuma inazunguka kama pia. Kwa onyesho hilo, nyumba ilijengwa juu ya jukwaa linalozunguka.

Kwa kuwa wahusika hawasikiki, mapenzi yao hudhihirika kwa vitendo. Mke si tuzo ya kugombewa, bali mwenzi katika kazi na hasara. Hata nyumba ikienda mrama, yeye huchora mioyo ukutani.

Mwishowe wanatambua kuwa wamejenga katika kiwanja kisicho chao. Wanaikokota nyumba hadi inakwama relini, huku garimoshi likija. Wanafumba macho, lakini garimoshi linapita reli ya pili. Wanashusha pumzi, mara jingine linatokea upande wa pili na kuivunjavunja.

Keaton anaweka kibao cha kutangaza kuwa inauzwa, anaacha na maelekezo ya ujenzi, kisha wanaondoka wameshikana mikono.

Mwaka 2008 filamu hiyo iliingizwa katika orodha ya filamu zinazohifadhiwa kwa niaba ya taifa la Marekani. Nyumba ilikwenda, ndoa ilibaki, na hakuna aliyelazimika kulitamka hilo.