Gato ya pome na kaneli ku mbabula: utamu ndani, makala inje

Mwezi wa kumi na mbili ukikaribia, mu cité zetu watu wanaanza kuuliza bei ya gato. Tarehe 4 ni siku ya Mtakatifu Barbara, mlinzi wa wachimbaji wa madini. Kisha Noeli, kisha Bonane. Lakini mu nyumba nyingi mshahara unafika umekwisha kugawanywa: deni ya boutiki, minerval ya watoto, pesa ya nyumba. Gato ya patisserie inabaki kitu cha kutazama ku vitrine. Ao inachukuliwa ku deni, na deni ya gato njo inauma kupita zote, juu gato yenyewe inakwisha siku ileile na deni inavuka mwaka.

Sisi wa sendika hatuna desturi ya kuandika mambo ya jiko. Lakini wamama wengi wa wafanyakazi wametuuliza namna ya kufanya gato bila four na bila umeme, na wengine wametuonyesha vifaa ambavyo wanataka kutumia. Vifaa vile njo vimetufanya tukamate kalamu. Tumekaa nao, tumepika, tumekula, tumeandika vipimo. Mu gato yenyewe hakuna kitu cha kuogopa. Cha kuogopa ni moto, na mambo ya moto na gaz ni kazi yetu.

Kwanza pome. Kuna watu wanasema gato ya pome ni mambo ya Wazungu. Ni kweli nusu. Union Minière du Haut-Katanga, iliyoanzishwa mwaka 1906, ilianza mwisho wa miaka ya 1920 kukalisha wafanyakazi mu kambi pamoja na wake wao, na nyuma yake kukaja foyer social, ambamo wanawake walifundishwa kushona, kupiga pasi na kupika mapishi ya Bulaya. Walifundishwa kuwa bibi wa nyumba namna kampuni ilivyotaka, hatuwezi kuficha hilo. Lakini mabibi zetu walichukua kile kilichowafaa wakakitia ku mbabula. Kuoka na makala chini na makala juu ya kifuniko, leo ni ujuzi wetu.

Pome nyingi tunazoona Lubumbashi, Likasi na Kolwezi zinatoka Afrika ya Kusini, zinapita Zambia na kuingia kwa Kasumbalesa ndani ya makamiyo. Kule wanavuna kuanzia mwezi wa pili mpaka wa tano hivi, kwa hiyo pome ya Noeli mara nyingi imelala miezi mingi mu chumba cha baridi. Kwa kula hivihivi, hiyo si jambo nzuri sana. Kwa gato haina neno. Omba muuzaji akupe zile zimeanza kukunjamana ngozi, atakupunguzia bei, na ndani zingali nzuri. Ile ya kukataa ni ile imeoza karibu na mbegu, ina harufu ya pombe.

Ya kijani, Granny Smith, ni kali kidogo na inasimama ku moto bila kuvunjika. Jina lake linatoka kwa mama mmoja wa Australia, Maria Ann Smith, aliyeona muti wake ukiota mu shamba mwaka 1868 hivi. Ya manjano, Golden, ni tamu, unaweza kupunguza sukari. Sisi tunapenda kuchanganya, mbili za kijani na moja ya manjano.

Na kama pesa ya pome haiko? Desemba ni mwezi wa maembe kwetu. Kamata embe ambayo bado ngumu, rangi yake ndani imeanza tu kugeuka, uikate kama pome. Pamoja na kaneli, watoto wengi hawatatambua. Kusema kweli, kati yetu kuna waliopenda ya embe kuliko ya pome, na hawakutaka tuandike hivyo.

Kaneli, ile vitabu vinaita mdalasini, ni ganda la muti. Nunua ya vijiti, usinunue unga ndani ya kisashe kisicho na jina, juu ya unga hakuna anayejua nini kimechanganywa mle. Ganda nene na ngumu linalojikunja mara moja tu ni la aina ya Uchina ao Indonesia, lina harufu kali. Lile laini, lenye ngozi nyingi nyembamba ndani kama sigara, ni la Sri Lanka, na bei yake iko juu. Lile nene linatosha. Likaushe kidogo juani, twanga mu kinu, chekecha.

Vipimo ni hivi, kwa kopo la maji la mililita 200. Pome tatu. Makopo mawili ya farini ya ngano, sawa na gramu 250 hivi. Sukari robo tatu ya kopo. Mafuta nusu kopo, maziwa nusu kopo, na kama maziwa haiko, maji inatosha. Mayai mawili. Sashe moja ya levire ya gato, ile ya gramu 11. Kaneli kijiko kimoja kidogo, kisicho na mlima. Chumvi ya kushika na vidole viwili.

Menya pome, kata vipande vidogo, kamulia ndimu zisigeuke nyeusi, nyunyizia nusu ya kaneli na kijiko cha sukari. Maganda usitupe: chemsha na kijiti cha kaneli, ni chai nzuri ya jioni. Piga mayai na sukari mpaka rangi inakuwa nyeupe-nyeupe, tia mafuta na maziwa. Mbali kidogo, changanya farini, levire, chumvi na kaneli iliyobaki, halafu ndipo umwage ndani. Hapa wengi wanaharibu: wanakoroga kama bukari. Bukari inataka nguvu, gato haitaki. Farini ikishapotea tu, acha. Tia pome, mwaga yote ndani ya chombo kilichopakwa mafuta na farini.

Sasa four. Kamata sufuria kubwa nzito ya aluminium, tia chini mchanga mkavu wa unene wa vidole viwili, weka juu yake kifuniko cha zamani ao pete ya chuma, na chombo cha gato kikae pale. Usitumie mawe ya mtoni. Jiwe lenye maji ndani linaweza kupasuka ku moto. Funika na kifuniko cha chuma kisicho na plastiki. Pasha sufuria dakika 10 mbele ya kuingiza gato. Halafu gawanya makala: sehemu moja ibaki chini, sehemu mbili ziende juu ya kifuniko. Watu wanafanya kinyume chake, wanaunguza chini na juu inabaki tope. Usifungue mbele ya dakika 35. Kwa dakika 45 hivi, chomeka kijiti katikati. Kikitoka kikavu, imeiva.

Mchanga ule utoke wapi? Utoke mtoni ao ku mchanga wa kujenga unaojua asili yake, uuoshe, uukaushe. Usitoke ku rejet. Tunaandika hii juu tumeona. Mchanga wa rejet ni laini, mzuri kwa macho, uko karibu na bure, lakini ni mabaki ya minerai, umepita mu dawa na bado una metali ndani. Hauna kazi mu chombo cha chakula.

Pipa ni mbaya zaidi. Mafundi wa kusudere wanakata mapipa ya chuma wanafanya four za makala, na kwa macho ni kazi safi. Swali ni pipa ile ilibeba nini. Kama ilibeba xantati, ile dawa ya kutenganisha minerai, mabaki yake yakipata joto yanatoa gaz ya sumu ambayo pia inashika moto kwa upesi. Kusugua na sabuni hakutoshi. Pipa iliyotoka ku usine isiingie jikoni, hata kama fundi ni shemeji yako na anakuapia.

Halafu makala yenyewe. Desemba ni mvua. Mama amekwisha kutia gato ku moto, mvua inapiga, anachukua mbabula anaiingiza ndani ya nyumba, anafunga dirisha maji isiingie. Makala imekuwa nyekundu, haina moshi, kila mtu anafikiri hakuna hatari. Ni pale njo hatari iko. Makala inayowaka inatoa oksidi ya kaboni, ile tunaita CO, gaz isiyo na rangi wala harufu. Inaingia mu damu na kukamata nafasi ya oksijeni. Mtu anasikia kichwa kinauma, kizunguzungu, kutaka kutapika, magoti yanalegea, halafu usingizi. Kama watoto wako wanalala chumba cha pembeni, hawatasikia hata kichwa.

Wenye kazi ya chini ya udongo wanaijua gaz hii. Mu migodi ya makaa ya mawe ya Uingereza, wachimbaji walishuka na ndege mdogo, canari, juu ndege anaanguka mbele ya mtu. Walianza kuachana na ndege hao mwaka 1986, vyombo vya kupima vilipochukua nafasi. Kule chini tunadai hewa ipulizwe na tunakataa kuingia kama haipulizwi. Ni vizuri. Lakini papa anayekataa kazi asubuhi juu ya hewa, jioni anakaa na mbabula ndani ya saluni iliyofungwa akingojea gato. Tumebishana na wengine juu ya hilo, wanasema wazazi wao walifanya hivyo na hawakufa. Waliokufa hawako pale kubishana.

Kwa hiyo mbabula ikae inje, chini ya barza yenye hewa pande mbili. Mvua ikizidi, gato ife, tutakula mkate. Dirisha moja wazi halitoshi kusema uko salama. Mtu akianguka, mtoe inje kwanza, halafu hospitali mara moja, hata kama amefungua macho na anasema amepona.

Jambo lingine la wapapa: usikaribie farini na salopeti ya kazi. Vumbi ya minerai inakaa mu nguo, mu nywele, chini ya kucha. Vua inje, oga, halafu uje kuonja.

Wamama wamoja wameanza kuuza vipande mbele ya mlango na mbele ya mashule. Tunawaunga mkono, lakini hesabu yao inatuchokoza. Wanaandika pome, farini, mayai, sukari. Makala hawaandiki. Saa zao mbili hawaandiki. Kazini tunagombania saa za ziada mpaka dakika, na nyumbani saa za mama zinahesabiwa bure. Andika yote ku daftari, gawanya kwa vipande 12, halafu ndipo utaje bei. Kama jirani anasema ni ghali, muonyeshe daftari.

Gato ikitoka, iache ipoe ndani ya chombo chake robo saa mbele ya kuigeuza. Ya pome inabaki na maji ndani, kwa hiyo mu joto ya Desemba usiiweke zaidi ya siku mbili. Kwa posti ya usiku, funga kipande ndani ya kitambaa safi, si mu sashe ya plastiki, itatoa jasho na kulegea. Na uweke vipande viwili, juu ya mwenzako wa pembeni ataomba.