Kitabu cha Marais Sita

Donald Knuth, profesa mstaafu wa kompyuta wa Chuo Kikuu cha Stanford, Marekani, anashikilia rekodi za kukimbia na za kuchelewa. Zipo sita hapa, na ya kwanza tumeiacha iwe ya mwisho.

6. Mwanafunzi aliyewaumbua majaji
Kampuni moja ya chokoleti iliwauliza watoto: herufi za "Ziegler's Giant Bar" zinaunda maneno mangapi? Majaji walikuwa na orodha yao, maneno 2,500. Knuth, mtoto wa Milwaukee, darasa la nane, akasingizia tumbo. Akajifungia nyumbani wiki mbili na kamusi nene, akatoka na maneno zaidi ya 4,500. Kwa mpira, hiyo ni tisa kwa tano, tena ugenini! Shule ikapata televisheni, wanafunzi wote wakala chokoleti. Tumbo lilikuwa limeshapona.

5. Hundi ndogo inayowindwa kuliko zote
Mwonyeshe kosa kitabuni mwake, akulipe dola 2.56. Senti 256 ni mbili kwa kipeo cha nane, hesabu tamu kwa watu wa kompyuta. Kwa Dar es Salaam ni chipsi mayai na soda, na chenji unarudishiwa. Ila wengi walioipata hawakwenda benki. Waliitia fremu wakaitundika ukutani. Kwa makosa ya TeX, programu yake ya kupanga kurasa, dau lilipanda maradufu kila mwaka hadi likagota kwenye dola 327.68. Tangu 2008, badala ya hundi, anatoa vyeti vya benki ya San Serriffe, nchi ambayo haipo duniani. Wawindaji hawajapungua.

4. Kinanda kisichotoka mlangoni
Nyumbani kwake kuna kinanda cha kanisani chenye mabomba 812. Kila bomba ulikatie tiketi: utajaza mabasi 12 ya abiria 65, na mabomba 32 yatalala stendi.

3. Wa kwanza kuchoka na barua pepe
Aliiacha tarehe 1 Januari 1990. Wengi wetu tulikuwa bado tunapanga foleni posta kununua stempu.

2. Kitabu cha wiki moja
Januari 1973, katika chumba cha hoteli mjini Oslo, aliandika *Surreal Numbers*, hadithi ya vijana wawili wanaogundua namba za ajabu alizozibuni mwanahisabati John Conway. Siku sita za kazi, ya saba akapumzika. Kwa muda huo kamati ya harusi haijamchagua hata mweka hazina.

1. Kitabu kinachochelewa kuliko vyote
Sasa tusimame, bingwa anaingia. Januari 1962 mchapishaji alimwomba kitabu kimoja tu, kuhusu programu zinazotafsiri lugha za kompyuta. Knuth akapanga sura 12. Miaka michache baadaye alikuwa na kurasa 3,000 za mwandiko wa mkono. Nenda stationery yoyote uwaambie wakupangie rimu sita, uone mrundo. Yeye alidhani kurasa tano za mkono zitatoa moja ya chapa. Mchapishaji akapiga hesabu upya, akaona kurasa 2,000. Kitabu kimoja kikawa juzuu saba: *The Art of Computer Programming*.

Ya kwanza ilitoka 1968, ya pili 1969, ya tatu 1973. Mwaka uliofuata akapewa Tuzo ya Turing, Kombe la Dunia la kompyuta, akiwa na miaka 36, kazi haijafika nusu! Halafu 1977 akaletewa pruf za toleo jipya la juzuu ya pili. Akazitazama herufi, zikamchefua. Akaweka kalamu chini atengeneze TeX, kazi ya mwaka mmoja, alivyodhani. Ilimla kama kumi.

Juzuu 4A ilitoka 2011. Miaka 38! *Kamusi ya Kiswahili Sanifu* ilitoka 1981, ikapata toleo la pili 2004, na bado ikamsubiri. 4B ikafuata 2022, mwandishi ana miaka 84. Juzuu ya kwanza ilimkuta Nyerere Ikulu, 4B ikamkuta Samia. Katikati wamepita Mwinyi, Mkapa, Kikwete na Magufuli. Jumla kurasa zimezidi 3,700.

4C iko mezani kwake. Ya tano, ya sita na ya saba ziko kwenye foleni.