Kiti cha Hakimu Ni cha Mtazamaji

Filamu inapoanza, mtazamaji wa Afrika Mashariki, awe kwenye kibanda cha video au sebuleni kwake, huwa na swali moja la haraka: steringi ni nani? Akishamjua, mengine yote hujipanga yenyewe. Anayempiga steringi ni adui, anayempenda ni mwema, na steringi mwenyewe akiua watu ishirini hakuna anayeuliza waliouawa walikuwa wana wa nani. Hukumu imetoka kabla ya ushahidi kusikilizwa. Si kosa kutazama hivyo, na filamu nyingi nzuri za mapigano zimetengenezwa kwa ajili ya utazamaji huo. Lakini ipo aina nyingine, ile tunayoiita filamu nzito au ya kufikirisha, na naona majina hayo yanatumika ovyo. Filamu huitwa nzito kwa sababu ina msiba, au inakwenda polepole, au ina ujumbe. Msiba peke yake haufikirishi: ni tamthilia ngapi zimetuliza tukiwa tumekwisha elekezwa tangu mwanzo nani wa kumlilia? Mwendo wa polepole unaweza kufunika utupu. Na ujumbe ukishaeleweka, mara nyingi fikra huishia hapo. Ninachodai ni kwamba filamu ya maisha hufikirisha pale inapomnyima mtazamaji steringi, ikamkalisha kwenye kiti cha hakimu, kisha ikamletea ushahidi wa kweli ambao ni mgumu kuuamua.

Mfano ulio wazi zaidi ni filamu ya Iran ya mwaka 2011 iliyoongozwa na Asghar Farhadi, Jodaeiye Nader az Simin, yaani Kutengana kwa Nader na Simin. Ilipata Dubu wa Dhahabu mjini Berlin mwaka huohuo, na mwaka 2012 ikapata tuzo ya Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni. Inaanza na mume na mke wamekaa bega kwa bega, wanatazama kamera. Simin anataka wahame nchi kwa ajili ya binti yao Termeh, mwenye miaka 11. Nader hataki, kwa kuwa baba yake mzee ana ugonjwa wa Alzheimer na hana wa kumwachia. Mke anasema mzee hata hamtambui tena mwanawe. Mume anajibu kwamba yeye bado anamtambua baba yake. Hakimu tunamsikia sauti tu. Hatumwoni, kwa sababu kamera imewekwa pale pale anapokaa yeye. Wanandoa wanakatana kauli, wanatulalamikia sisi, na kila mmoja anasema kweli. Hakimu wa mahakama analiona shauri dogo na kuwarudisha nyumbani. Sisi hatuna ruhusa ya kuwarudisha. Filamu ni ya dakika 123, na shauri ndiyo kwanza limefunguliwa.

Simin anahamia kwa wazazi wake. Nader anamwajiri Razieh amwangalie mzee wakati yeye yuko kazini. Razieh ni maskini, mcha Mungu, mjamzito, mke wa mtu aliyezongwa na madeni, na anakuja kazini na bintiye mdogo. Mzee anapojichafua, dada huyu wa kazi anapiga simu kuuliza kama ni dhambi kwake kumbadilisha nguo mwanamume asiye maharimu wake. Siku moja anamfunga mzee kitandani, anatoka. Nader anarudi mapema, anamkuta baba yake ameanguka sakafuni, na fedha zimepungua kwenye droo. Razieh anaporudi, Nader anamwita mwizi na kumsukuma nje ya mlango. Mimba inaharibika. Kwa kuwa imevuka miezi minne na nusu, Nader anashtakiwa kwa kuua, na kesi nzima inasimama juu ya swali moja: alipomsukuma, alijua kwamba ana mimba? Hapo Farhadi anafanya jambo ninaloliheshimu sana. Kuhusu zile fedha, tulikwisha kuona. Mapema katika filamu wapagazi wanaobeba piano wanadai malipo ya ghorofa ya ziada, na Simin anawatolea fedha kwenye droo. Picha ni ya muda mfupi, haisisitizwi kwa muziki wala kwa kamera kusogea karibu. Nader anapomtuhumu Razieh, wengi wetu tunabaki tukijiuliza kama kweli aliiba, ilhali tulikuwa mashahidi wa droo ile. Tuliona bila kuangalia. Filamu ya ujumbe ingetuambia kwamba matajiri huwadhulumu wafanyakazi wa ndani. Filamu hii inatukamata sisi wenyewe tukishiriki dhuluma hiyo kwa uzembe wa macho.

Sehemu ya pili ya kesi ni nzito zaidi, na msomaji wa Kiswahili anaielewa kwa undani kuliko watazamaji wengi wa Ulaya walioipa filamu hii tuzo. Nader alikuwa karibu wakati mwalimu wa Termeh alipozungumza na Razieh kuhusu daktari wa wajawazito. Mbele ya mamlaka anasema hakusikia. Anajua kwamba akikiri ataingia gerezani, na nani atabaki na mzee na mtoto? Termeh anagundua uongo huo, kisha, alipoulizwa baba yake aliijuaje habari ya yule daktari, naye anadanganya ili kumwokoa. Baadaye analia kwenye gari. Kwa upande wa pili, familia ya Razieh iko tayari kupokea dia, fedha ambazo zingewatuliza wadai wa mumewe. Nader anakubali kulipa kwa sharti moja: Razieh aape kwa msahafu kwamba ni yeye Nader aliyesababisha mimba kuharibika. Razieh hawezi kuapa. Siku moja kabla alikuwa amegongwa na gari alipomfuata mzee barabarani, na maumivu yalianza usiku ule. Anayekula kiapo cha uongo anajua balaa litakaloifuata nyumba yake, na yeye ana mtoto. Kwa hiyo haki inakwama si kwa sababu mtu mwovu ameizuia. Inakwama kwa sababu mwanamke huyu anamwogopa Mungu kuliko anavyoogopa umaskini, na uaminifu wake unaiangamiza familia yake. Mtafute steringi hapo. Mtafute adui. Wote tunawahukumu, na kila hukumu inageuka mkononi kabla hatujaitia sahihi.

Wapo wanaosema Farhadi anacheza rafu. Ajali ya Razieh haikuonyeshwa. Picha inakatwa anapohangaika kuvuka barabara, na tukio linalofuata ni la nyumbani, watu wanacheza. Wanadai kwamba mwongozaji aliyeuficha ushahidi mkuu hana haki ya kutuita mahakimu. Pingamizi hili lina uzito, na halijibiwi kwa kusema tu kwamba sanaa ina uhuru wake. Jibu liko kwenye tofauti kati ya kuficha na kudanganya. Hakuna picha hata moja katika filamu hii iliyo ya uongo. Kila tulichoonyeshwa kilitokea. Kilichofichwa kwetu kilifichika pia kwa Nader, kwa hakimu, na kwa mume wa Razieh. Hakimu yeyote wa kweli hukaa na kesi yenye tundu kama hilo, na filamu ingetuweka juu kuliko wahusika wake kama ingetupa jicho linaloona kila kitu. Akira Kurosawa, katika Rashomon ya mwaka 1950, alikwenda mbali zaidi. Yeye alionyesha picha za uongo waziwazi. Samurai amekufa msituni, na kifo hicho kinasimuliwa na jambazi, na mke wa marehemu, na marehemu mwenyewe kupitia kwa mganga, na mkata kuni. Kila ushahidi tunauona kwa macho kama kweli, na hakuna unaolingana na mwingine. Mashahidi wanatoa ushahidi uani, nyuso zao zinatuelekea sisi. Hakimu haonekani, hata sauti yake haisikiki. Miaka 61 kabla ya Farhadi, kiti kilikuwa kimekwisha wekwa mahali palepale. Na tofauti na inavyosemwa mara nyingi, Rashomon haisemi kwamba ukweli haupo. Maiti ipo, na kisu cha thamani kimepotea. Inachosema ni kwamba kila shahidi anasimulia ili ajipendeze, hata aliyekufa.

Filamu ambayo wengi huitaja kwanza mada hii inapozuka ni 12 Angry Men ya Sidney Lumet, ya mwaka 1957, na mimi naipa nafasi ya chini kidogo. Wazee wa baraza tunaowajua katika mahakama zetu kazi yao ni kumshauri jaji. Katika filamu hii ya Marekani raia 12 wanaamua wenyewe, kwa kauli moja, kama kijana aliyeshtakiwa kumuua baba yake ana hatia. Mwanzoni 11 wanasema anayo, mmoja anasita. Ufundi wake ni wa kusomwa darasani. Karibu filamu nzima iko ndani ya chumba kimoja, na Lumet alibadilisha lenzi kadiri mjadala ulivyoendelea na kuishusha kamera kidogo kidogo, hata kuta zikaonekana kuwasogelea watu na dari likawakaribia vichwani. Lakini Henry Fonda, yule aliyesita, ni steringi. Tangu dakika za mwanzo tunajua ni nani wa kufuatwa, na wanaompinga wengi wanaonekana na kasoro zao usoni. Kinachoiokoa ni kwamba hatuambiwi kamwe kama kijana aliua au hakuua. Wanaume wale wanatoka mvua ikiwa imekatika, na tunabaki tukijua kwamba huenda wamemwachia huru muuaji. Lumet hakuukwepa uwezekano huo, wala hakuleta tukio la mwisho la kututuliza.

Pingamizi kubwa zaidi linatoka Afrika, na linastahili kusikilizwa kuliko lile la rafu. Linasema hivi: kusita ni anasa ya walioshiba. Ousmane Sembène wa Senegal aliiona sinema kama shule ya jioni ya watu wetu. Mtu wa namna hiyo angewezaje kutengeneza filamu isiyo na upande? Katika Moolaadé ya mwaka 2004, filamu yake ya mwisho, Collé anafunga kamba mlangoni pake kuwakinga wasichana wanne waliokimbia kukeketwa. Sembène hajifichi. Anataka ukeketaji ukome. Nakubaliana naye kabisa, na nakubali kwamba yapo mambo ambayo kuyafanya yaonekane kuwa na pande mbili sawa ni uovu. Hata hivyo itazameni filamu yenyewe. Swali la kama ukeketaji ni sahihi halikuletwa mbele yetu, limekwisha amuliwa. Kilicholetwa ni mume wa Collé, mtu mpole anayempenda mkewe, anayechochewa na kaka yake mkubwa ampige viboko hadharani mpaka atamke neno la kuondoa kinga. Anapiga. Huyu ndiye tunayelazimika kumhukumu, kwa kuwa wengi wetu tunafanana naye kuliko tunavyofanana na Collé. Ndivyo ilivyo kwa Abderrahmane Sissako katika Bamako ya mwaka 2006. Benki ya Dunia na Shirika la Fedha la Kimataifa wanashtakiwa katika ua wa nyumba aliyokulia mwongozaji, mbele ya mahakimu na mawakili wa kweli, huku wanawake wakitia nguo rangi pembeni. Msimamo wa Sissako unajulikana. Lakini mwalimu wa zamani anaitwa kutoa ushahidi, anasimama, anashindwa kusema, anaondoka. Mkulima mzee anapaza sauti yake kwa kuimba, na mwongozaji anakataa kuweka maandishi ya tafsiri chini ya picha. Filamu inaishia msibani, bila hukumu kusomwa. Kuwa na upande hakukumzuia Sissako kumwachia mtazamaji kazi ya kupima ukimya wa mwalimu yule.

Kuhusu mtu aliyechoka, anayesema ametoka kazini na hataki kazi nyingine usiku, sina ubishi naye. Usiku huo aangalie mapigano. Ninachokataa ni dhana kwamba mtazamaji wa kawaida hana uwezo wa kukaa kwenye kiti hiki. Watu walewale wanaotaka steringi kwenye video hukaa barazani, kwenye vikao vya ndoa na vya mirathi, wakasikiliza upande huu na upande ule mpaka usiku wa manane, wakakumbuka nani alisema nini miaka kumi iliyopita. Kupima maneno ya Nader na Razieh ni kazi waliyoizoea. Kinachohitajika ni watengenezaji wetu wawaamini, waache kuandika mhusika mbaya ambaye ubaya wake unajulikana kwa miwani yake myeusi.

Farhadi aliwaamini watazamaji wake mpaka picha ya mwisho. Nader na Simin wamerudi mahakamani, safari hii kuachana. Termeh anaulizwa atakaa na nani. Anasema ameamua, machozi yakimtoka, na wazazi wanaombwa watoke nje. Wanasubiri kwenye ujia, mmoja upande huu na mwingine upande ule, mlango wa vioo katikati yao, na majina ya watengenezaji yanaanza kupita. Watazamaji wengi hukasirika hapo, wakitaka kujua alimtaja nani. Lakini ushahidi uliobaki wa kupimwa hauko tena kwa baba wala kwa mama. Kile kiti tulichokikalia tangu dakika ya kwanza, ambacho watu wazima wote wa filamu hii walishindwa kukimudu, sasa amekalishwa mtoto wa miaka 11, na watu wawili wanaompenda wako nje wakisubiri atoe hukumu.